Je, Chuma Chaweza Kukumbuka?

Mtambo ukisha kufa, ni nini hasa kinachostahili kukumbukwa: chuma chenyewe, au mikono iliyokitumikia? Swali hili yafaa tulijadili hapa Kigoma, mahali ambapo reli ya kati hukomea na ziwa huanza.

Tuitazame meli ya Liemba. Iliundwa Papenburg, Ujerumani, mwaka 1913, ikafunguliwa vipande vipande, ikaletwa Dar es Salaam na kusafirishwa kwa reli, kisha ikaungwa upya Kigoma na kushushwa majini mwaka 1915. Wajerumani wenyewe waliizamisha mwaka 1916. Waingereza wakaiibua mwaka 1924, na mwaka 1927 ikaanza safari kwa jina jipya. Habari hizi husimuliwa kwa fahari, lakini wanaotajwa ndani yake ni walioiunda, walioizamisha na walioiibua. Mpagazi wa bandarini hatajwi, wala mwenye mtumbwi aliyeilaki meli majini kwa kuwa kijijini kwake hapakuwa na gati.

Katika miaka ya 1970 injini zake za mvuke ziliondolewa zikatiwa za dizeli. Umbo la meli likabaki, ila mlio uliozoeleka na wazee wetu ukatoweka. Chuma hudumu, sauti ndiyo hutangulia kufa.

Jambo hili amelifikiri msanii mmoja wa ng'ambo ya ziwa, Sammy Baloji, aliyezaliwa Lubumbashi mwaka 1978. Kutu ya kwao si ngeni kwetu, kwani shaba ya Katanga ilipitia Kalemie, ikavushwa hadi Kigoma, kisha ikapelekwa kwa reli mpaka pwani. Katika picha zake ziitwazo Mémoire, za mwaka 2006, aliwachukua wafanyakazi waliopigwa picha enzi za ukoloni, akawasimamisha mbele ya mitambo ya Gécamines iliyochakaa. Katika filamu yake ya mwaka 2017, kazi ya kiwanda cha shaba inaambatana na sauti za kwaya. Hivyo magofu yaliyokuwa kimya yakapewa watu na yakapewa sauti. Gofu lisilo na watu humsifu mwenye mali peke yake.

Wapo watakaosema kwamba kutu haimlishi mtu, na kwamba taifa lahitaji mashine mpya kuliko kuomboleza zilizokufa. Hoja hiyo ina uzito, nasi hatutaki kila chuma chakavu kigeuzwe makumbusho. Lakini tuufikirie mji wa Ujiji, mwisho wa njia ya misafara itokayo Bagamoyo. Mizigo ya njia ile ilibebwa mabegani mwa watu, baadhi yao wakiwa watumwa. Hawakuacha mtambo wala kutu. Kama kumbukumbu yetu itategemea chuma, basi hao tumekwisha kuwasahau.

Kwa hiyo twaona kwamba chuma hakikumbuki. Ni sisi tunaokumbuka, na deni letu ni kwa watu. Mwalimu na awatume wanafunzi kwa wazee waliofanya kazi bandarini na relini, wawaulize: honi ililiaje, mliimba nini mlipobeba, nani aliumia? Majibu yao yaandikwe. Meli iliyozama iliibuliwa baada ya miaka minane. Mzee akiondoka na sauti yake, hakuna atakayeiibua.