Bibi Aliyekataa Picha

Asmae El Moudir, mwongozaji wa filamu kutoka Morocco, alikulia katika nyumba isiyo na picha za familia. Bibi yake alizikataza. Aliyoruhusu ni ya Mfalme Hassan II peke yake. Mjukuu alipouliza sababu, kila mtu nyumbani alikuwa na jibu lake, na majibu hayakulingana.

Kutafuta ukweli huo kulimchukua takriban miaka 10, ndipo ikapatikana filamu ya Kadib Abyad. Inaturudisha Juni 1981, wakazi wa Casablanca walipoingia barabarani kupinga kupanda kwa bei za vyakula na askari wakawafyatulia risasi. Miongoni mwa waliouawa ni msichana wa miaka 12, jirani wa familia hiyo, ambaye ndugu zake hawakupewa hata mwili wa kuzika. Mtaa ukafumba mdomo, na waliozaliwa baadaye wakaurithi ukimya.

Mwaka 2023 filamu hiyo ilimpatia El Moudir tuzo ya uongozaji bora katika kitengo cha Un Certain Regard cha tamasha la filamu la Cannes. Mimi kilichonigusa ni namna alivyowafungua wazee wake. Baba yake, fundi mwashi, aliujenga upya mtaa wao kwa vijumba vidogo. Mama akawashonea nguo wanasesere wa kukaa humo. Mikono ikiwa kazini, maneno yakaanza kutoka. Jirani aliyewahi kufungwa gerezani, naye akasimulia alivyorundikwa na wenzake ndani ya seli. Bibi alibaki mkali, lakini alikuwepo.

Hata kwetu nyumba za aina hiyo ni nyingi. Yupo babu anayegeuza mazungumzo kila anapotajwa nduguye fulani. Tukimwekea simu usoni na kumwambia atusimulie maisha yake, tunaambulia sentensi mbili za adabu.

Marehemu bibi yangu hakuwahi kunijibu nilipomuuliza kuhusu mume wake wa kwanza. Jioni moja tukichambua mchele, ungo ukiwa mapajani mwake, alianza mwenyewe: jina lake, kofia aliyopenda kuvaa, homa iliyomchukua. Hakuinua macho. Nami niliendelea kutoa chuya na mawe, nikiogopa kwamba nikisita tu, atanyamaza.

Mzee ana haki ya kunyamaza. Wengi walimeza machungu yao ili watulee bila kinyongo, na hofu yao ilikuwa na sababu. Mjukuu naye ana haki ya kujua alikotoka, kwa kuwa majeraha yasiyosemwa humfikia hata asiyekuwepo siku ya kisa. Haki hizo mbili hupatana penye subira na kazi ya pamoja. Kwa hiyo kabla hujawasha kamera, mwombe mzee wako mfanye kazi aijuayo yeye. Akizungumza, msikilize hadi amalize. Asipozungumza, rudi tena wiki ijayo, maana kukaa naye kuna thamani yake hata siku asiyosema neno.