Deraya ya Daudi na Uso wa Jacques Plante

Wanahikima wa kale, Wayunani na Waarabu kadhalika, walipozipanga tabia njema za mwanadamu waliuweka ushujaa mahali pa kati, upande mmoja ukipakana na woga na upande wa pili ukipakana na kujitosa hatarini bila hadhari. Naye Ibn Miskawayh, katika kitabu chake cha kuadilisha tabia, hakumwona ajitupaye maangamizini bila sababu kuwa bora kuliko akimbiaye vita, bali aliwahesabu wote wawili kuwa wamekiacha kipimo. Hukumu hiyo ni nyepesi kuikubali mtu akiwa ameketi barazani na kahawa yake. Huwa nzito pale ambapo maelfu ya watu wanatazama, mwajiri anangoja jibu, na damu imeshaanza kuchuruzika. Na kwa kuwa falsafa isiyojaribiwa hubaki maneno, nataka kuijaribu kwa habari ya mtu mmoja wa Kanada ambaye kazi yake ilikuwa kusimama langoni.

Hoki ya barafuni huchezwa na watu sita kila upande, wamevaa viatu vyenye makali ya chuma chini yake, wakigombea kwa magongo kisahani cha mpira mgumu chenye upana wa inchi 3 na unene wa inchi 1, ambacho hugandishwa kabla ya mchezo ili kisidundedunde. Anayekipokea kisahani hicho kinapovurumishwa kwa nguvu zote ni mlinda mlango. Na hadi mwishoni mwa miaka ya 1950, katika ligi kubwa ya Amerika ya Kaskazini, mlinda mlango alijifunga matandiko mazito miguuni, akakinga kifua na mikono, kisha akauacha uso wake mtupu. Terry Sawchuk alishonwa usoni nyuzi zipatazo 400 katika maisha yake ya mchezo. Glenn Hall alicheza mechi 502 mfululizo bila barakoa, na ilijulikana na wote kwamba kabla ya mechi alikuwa akitapika. Watu waliyaona mambo hayo kuwa ndiyo sura yenyewe ya uanaume, wala sidhani kwamba wengi walijiuliza kile kilichotapikwa kilikuwa ni nini.

Jacques Plante alizaliwa tarehe 17 Januari 1929 katika Quebec ya mashambani, mtoto wa kwanza wa ndugu kumi na mmoja, katika nyumba isiyokuwa na cha kutupa. Pumu ilimzuia kukimbia barafuni kwa muda mrefu, na ndiyo iliyompeleka langoni, mahali ambapo kijana asiye na pumzi aliweza kusimama na bado akahesabiwa katika kundi. Alijifunza kufuma kwa sindano tangu utotoni, akajifumia kofia za sufu, na hata alipokuwa mashuhuri hakuacha kufuma, jambo ambalo wenziwe waliliona la ajabu kwa mtu wa kazi yake. Alikuwa na desturi nyingine iliyowaudhi wakubwa zaidi ya sindano zake: hakukubali kukaa langoni kama mlinzi wa ghala, bali alitoka, akakifuata kisahani nyuma ya lango na kukisimamisha kwa ajili ya mabeki wake, ilhali mafundi wote wa mchezo walifundisha kwamba mlinda mlango asiondoke mahali pake. Yaani alikuwa ni mtu ambaye jambo halikumtosha kwa kuwa ni la desturi. Alitaka kujua faida yake.

Usiku wa tarehe 1 Novemba 1959, katika jumba la Madison Square Garden mjini New York, Andy Bathgate wa timu ya New York alikipiga kisahani kikampata Plante usoni na kumpasua. Katika siku hizo timu ilisafiri na mlinda mlango mmoja tu, kwa hiyo mechi ikasimama akiwa anashonwa. Kocha wake wa Montreal, Toe Blake, alikuwa akimruhusu kuvaa barakoa mazoezini, na mazoezini tu. Plante akasema kwamba hatarudi barafuni bila hiyo barakoa. Blake hakuwa na mtu mwingine wa kumweka langoni, akakubali kwa shingo upande. Plante akatoka na uso wa nyuzi za kioo, rangi ya ngozi, umebanana na uso wake kama gamba, na Montreal wakashinda 3 kwa 1.

Hoja za Blake zisidharauliwe, kwa maana hakuwa mjinga wala mkatili. Alidai kwamba barakoa humzuia mlinda mlango kukiona kisahani kinapokuwa miguuni, na kwamba mtu asiyeogopa kuumia hulegea. Ya kwanza ni hoja ya fundi, nayo ilikuwa na ushahidi: Clint Benedict, mlinda mlango wa Montreal Maroons, alikwisha kuvaa barakoa ya ngozi mwaka 1930 baada ya kuvunjwa pua, akaiacha upesi kwa kuwa ilimziba macho. Hoja ya pili ni ya namna nyingine kabisa, kwani inaifanya hofu ya mtumishi kuwa chombo cha bwana wake. Ikumbukwe kwamba ligi ile ilikuwa na timu sita, na kila timu mlinda mlango mmoja. Nafasi sita duniani kwa kazi hiyo katika daraja lake la juu, na nyuma ya kila nafasi foleni ya vijana wenye njaa waliokuwa tayari kutoa nyuso zao. Aristotle alipoziorodhesha namna za ushujaa wa kuigiza, alimtaja mtu asimamaye vitani kwa kuwa anaogopa aibu ya watu wake, na chini ya huyo akamweka asimamaye kwa kuwa amiri jeshi yuko nyuma yake na fimbo. Tukiwapima kwa mizani hiyo wale waliosimama langoni uso mtupu, tutaona kwamba wengi wao walikuwa mashujaa kweli, lakini ushujaa wao ulikuwa katika kukiangalia kisahani kikija. Ule uso mtupu hawakuuchagua wao.

Hapa dini zina la kusema, na ajabu ni kwamba linasemwa kwa kinywa cha mtu mmoja katika vitabu viwili. Katika Sura ya Anbiyaa twasoma kwamba Mwenyezi Mungu alimfundisha Nabii Daudi kuunda deraya za kuwakinga watu katika vita vyao, na mafundisho hayo yanatajwa kuwa ni neema ya kushukuriwa. Wala hakuna dalili kwamba aliyeivaa alikuwa na tawakali pungufu. Mtume mwenyewe, kama walivyopokea wanahadithi, siku ya Uhudi alivaa deraya mbili, moja juu ya nyingine, na hakuna aliyekuwa na yakini zaidi yake kuhusu kadari. Lakini katika Kitabu cha Samweli, kilichomo katika Biblia ya Wakatoliki kama Plante, Daudi huyo huyo alivishwa deraya ya mfalme Sauli kabla ya kumkabili Jaluti, akajaribu kutembea, akaivua kwa kuwa hakuizoea, akaenda na kombeo lake. (Jaluti, tusisahau, alipigwa penye paji la uso.)

Wako wanaozisoma habari hizo mbili kana kwamba zinapingana, moja ikihimiza hadhari na nyingine ikihimiza imani tupu. Mimi sioni upinzani. Daudi hakuivua deraya ya Sauli ili aonekane, wala ili Mungu aone jinsi alivyomtegemea. Aliivua kwa sababu ilimzuia kufanya kazi aliyoiendea. Aliyekuja kuziunda deraya baadaye alikuwa ni yeye yule, na kipimo kilikuwa ni kile kile: je, kinga hii inasaidia kitendo au inakizuia? Benedict alipoitupa barakoa iliyomziba macho alifanya kama Daudi bondeni. Plante alipokataa kurudi bila barakoa isiyomziba alifanya kama Daudi katika karakana. Hatari iliyo lazima kwa kitendo chema hubebwa, na kwayo ushujaa hupimwa. Hatari isiyoongeza kitu katika kitendo ni israfu, na mwili ni amana, haufanyiwi israfu ili kuburudisha macho ya wengine. Kuhusu wanaoutoa mwili huo kwa ajili ya macho ya wengine, wanazuoni wetu walikuwa na jina kali tangu zamani, ria, na walilitumia hata kwa swala na sadaka.

Plante aliulizwa mara nyingi kama barakoa si alama ya woga, naye akawarudishia swali: je, anayeruka kutoka katika ndege bila mwavuli ndiye shujaa? Ni jibu la hodari wa maneno, lakini halikuwanyamazisha. Tarehe 8 Machi 1960 Blake alimshawishi acheze bila barakoa, na Montreal wakafungwa 3 kwa 0 na Detroit. Mechi iliyofuata barakoa ikarudi usoni, haikuondoka tena, na katika majira yale yale wakaibeba Stanley Cup, kombe la ubingwa wa ligi, kwa mara ya tano mfululizo, wakishinda mechi zote nane za mwisho. Sikusudii kuyafanya matokeo hayo kuwa hoja, maana haki haipimwi kwa magoli. Lakini yalimnyima Blake hoja yake.

Desturi haikufa siku hiyo. Hall alikaa miaka mingine kabla ya kuufunika uso wake, na wachezaji wa mbele waliendelea kuona kofia ngumu kuwa ni aibu, hata baada ya Bill Masterton wa Minnesota kuanguka, kichwa kikapiga barafu, akafariki tarehe 15 Januari 1968 bila ya kofia kichwani. Kanuni ya kuwalazimisha wachezaji wapya kuivaa haikuja hadi 1979. Miaka kumi na moja baada ya kifo! Nadhani watu hawaachi aina ya ushujaa waliyoirithi kwa kusikia hoja. Huiacha pale wenye heshima kubwa miongoni mwao wanapoiacha kwanza, na kwa sababu hiyo ilikuwa bahati kwamba mtu wa kwanza kukataa alikuwa bingwa, si mchezaji wa daraja la pili ambaye angefukuzwa asubuhi yake.

Mwezi Mei 1970, Plante akiichezea St. Louis katika fainali dhidi ya Boston, kisahani kilikengeushwa kikampiga barakoani akazimia, akapelekwa hospitali; akasema baadaye kwamba bila barakoa ile angekufa. Alikuwa na miaka 41, ana mataji sita, na hakuna ambaye angemlaumu kwa kustaafu. Majira yaliyofuata alijiunga na Toronto, akavaa barakoa yake, akafungwa wastani wa magoli 1.88 kwa mechi, na katika ligi nzima hakukuwa na mlinda mlango aliyefungwa kwa uchache kama yeye.