Mchuzi Usio na Firigisi

Ukitaka kujua nani ni nani katika nyumba za huku kwetu Songwe, usiulize. Subiri kuku aive. Firigisi itakwenda kwa baba mwenye nyumba, au kwa mgeni ambaye kuku kachinjwa kwa ajili yake. Mapaja yatafuata umri. Shingo na miguu vitabaki jikoni kwa waliopika, na watoto watapewa mchuzi na ahadi. Hakuna anayetangaza. Anayepakua anajua, na wanaopakuliwa wanajua kwamba anajua.

Ndiyo maana ukoo wetu ulitikisika tuliposikia kwamba baba mkwe mtarajiwa wa binti ya kaka yangu hali nyama. Ni Msabato, na si wa kuishia kwenye kuacha nguruwe: ng'ombe hali, kuku hali, hata samaki hamgusi. Na alikuwa anakuja Tunduma na wazee wenzake kwa kikao cha mahari. Baba mdogo, ambaye ndiye msemaji wetu, alihamaki. "Mtu anakuja kuleta ng'ombe, sisi tumpe maharage kama mwanafunzi wa bweni?"

Nilimwelewa. Maharage huku hayana kosa lolote ila kujulikana mno. Mbozi inayalima, Ileje inayalima, na malori yanayapeleka mbali. Sisi tunayala shuleni, tunayala msibani, tunayala mwezi unapogoma kuisha. Hayamwambii mgeni kwamba tulijua anakuja. Nyama ndiyo husema hivyo.

Shangazi akakata shauri: tunapika ndizi nyama, bila nyama. Nilimpendekezea zile soya za pakiti zinazouzwa kama nyama, akaniangalia kwa namna ambayo sikurudia. Baadaye nilikubaliana naye. Soya ya pakiti hujitahidi kufanana na nyama kwa sura, na kwa sura hasa ndipo inapoumbuka.

Akaanza na vitunguu, vingi kuliko nilivyozoea kuona, juu ya moto mdogo, mpaka vikawa kahawia bila kuungua. Hapo ndipo wengi wetu hukosa subira. Nyama hutusamehe haraka zetu kwa sababu ina mafuta yake na mifupa yake, lakini sufuria isiyo na nyama haisamehi. Kisha nyanya, tangawizi, kitunguu saumu. Kisha uyoga aliokuwa ameukausha tangu mvua, ule mkubwa unaoota kwenye vichuguu, akauloweka na kumimina hata maji yake. Mwaka 1908 mkemia wa Kijapani, Kikunae Ikeda, aligundua katika mchuzi wa mwani kile kinachokipa chakula ladha ya kukolea kama supu ya nyama. Ladha hiyo hiyo imo kwenye nyanya mbivu na uyoga mkavu. Shangazi hajawahi kumsikia huyo bwana. Mwisho akatia ndizi za kutoka Ileje, maharage aliyokwisha kuyachemsha, na karanga za kusaga zilizokorogwa kwa maji ya moto ili zisifanye mabonge. Mchuzi ukawa mzito, ukapanda mafuta juu.

Waorthodoksi wa Ethiopia wangemwelewa. Wao huacha nyama, maziwa na mayai kila Jumatano na Ijumaa kwa sehemu kubwa ya mwaka, achilia mbali Kwaresima yao ndefu, na mchuzi wao wa dengu hupata kitunguu na viungo vya berbere kama upatavyo ule wa nyama. Mfungo haujawa kisingizio cha kupika ovyo.

Tatizo halikuwa ladha. Lilikuja wakati wa kupakua. Shangazi alishika upawa, akasimama. Hapakuwa na firigisi. Hapakuwa na paja la mzee wala shingo ya jikoni. Kila alichochota kilifanana na alichochota kabla yake. Baba mdogo akapewa bakuli sawa na la kijana aliyekuja kuendesha gari, na nilimwona akilichungulia la mwenzake. Shangazi naye alikula kile kile alichowapa wazee, kikiwa bado cha moto. Nadhani hofu yetu kuhusu chakula kisicho na nyama iko hapo zaidi kuliko tumboni. Tunasema mgeni atadharaulika, lakini tunaohangaika ni sisi tuliozoea kujijua kwa kipande.

Mgeni mwenyewe aliongeza mara ya pili.

Kilichompa shida ni sahani ya wajomba wa binti, waliovuka mpaka kutoka Nakonde, upande wa Zambia. Walileta chikanda, iliyokatwa vipande vyekundu-kahawia, na mzee akarudisha mkono. Si ajabu, maana Wazambia wenyewe huiita polony ya Kiafrika, kama vile ni soseji ya nyama. Tukamweleza kwamba ni viazi vidogo vya okidi, ua la porini, vinavyokaushwa, vikatwangwa, vikapikwa na unga wa karanga, pilipili na magadi mpaka viwe donge linaloganda na kukatika kwa kisu. Hakuna mnyama humo. Hiki ni chakula cha shughuli kwa Wazambia, hakimwombi mtu radhi kwa kukosa nyama. Mzee akala. Baba mdogo akala zaidi, na nikamsikia akisema kwamba kumbe mambo haya yanawezekana.

Yanawezekana, ila kuna bei. Okidi hizo za jamii za Disa, Satyrium na Habenaria hufa zikichimbuliwa, na sehemu kubwa ya viazi hivyo hutoka nyanda zetu za juu, hupitia hapa Tunduma na kuvuka mpaka. Makadirio yaliyochapishwa mwaka 2003 yalisema ni viazi kati ya milioni 2.2 na milioni 4.1 kwa mwaka. Uchimbaji huo ulikuwa miongoni mwa sababu zilizowafanya watu wapiganie Kitulo, ile "Bustani ya Mungu", ikatangazwa hifadhi ya taifa mwaka 2005 hasa kwa ajili ya maua yake. Ng'ombe akichinjwa, mwenye zizi anajua amepungukiwa. Okidi haina mwenye zizi. Kwa hiyo siwezi kukubaliana na wanaosema sahani isiyo na damu haina deni. Maharage ya Mbozi yatapandwa tena msimu ujao, okidi ya mlimani hakuna anayeipanda.

Harusi ni Septemba. Wajomba wa Nakonde wameahidi masinia ya chikanda, nami nimewaomba walete karanga tu. Baba mdogo anasema nimezidi, na kwamba shughuli ya watu wazima haiwezi kukosa kitu cha kukatwa kwa kisu. Bado tunabishana.