Akiba ya Wakati

Watu husema kwamba wakati ni mali. Neno hili ni kweli, lakini lina upungufu. Mali huwekwa: mahindi hutiwa ghalani, fedha huwekwa benki, na mwenyewe akizihitaji huziendea. Wakati haukubali ghala. Saa ya leo asubuhi, itumike vema au vibaya, imekwenda, na tajiri na maskini wameipoteza sawasawa. Kwa sababu hiyo mwanadamu ametamani tangu zamani chombo cha kuuzuia. Je, lau chombo hicho kingepatikana, kingekuwa heri kwetu?

Bob Shaw, mwandishi mzaliwa wa Belfast, alilitazama swali hili katika hadithi fupi iliyochapishwa mwaka wa 1966. Alibuni kioo ambacho mwanga hukipenya polepole mno, hata ukachukua miaka kumi kutoka upande mmoja hadi wa pili. Kioo hicho husimamishwa mahali penye mandhari nzuri mpaka kijae mwanga wake, kisha huuzwa mjini. Mnunuzi hukitia dirishani, akaona ziwa na milima mahali palipo na ukuta wa jirani.

Msingi wa jambo hili si uzushi mtupu. Mwanga huenda kilomita 300,000 hivi kwa sekunde moja, na utokao juani hutufikia baada ya dakika nane na kidogo. Basi jua tulionalo ni jua la dakika nane zilizopita. Mwaka wa 1999, Lene Hau na wenzake huko Marekani waliupunguza mwendo wa mwanga hadi mita 17 kwa sekunde ndani ya wingu la sodiamu lililopozwa mno. Lakini kioo cha miaka kumi kimebaki katika hadithi.

Sasa tumwangalie muuza vioo wa hadithi hiyo, akaaye Uskoti. Huketi nje ya nyumba yake akitazama dirisha, ambamo mkewe na mtoto wao mdogo huonekana. Wageni wawili, mume na mke waliofika wakiwa na ugomvi, wanadhani watu hao wamo ndani. Kumbe waligongwa na gari wakafa miaka sita kabla, na nyumba ni tupu na chafu. Kilichobaki ni mwanga wao tu, na siku moja kioo nacho kitaonyesha nyumba tupu.

Hatuna budi kumhurumia. Yuko atakayeuliza: kosa lake ni lipi? Sisi nasi huweka picha za wazazi waliofariki, na hapana atulaumuye. Hoja hii ina nguvu. Lakini picha hutazamwa kidogo, na mtu akaenda kazini akiwa na moyo mkunjufu zaidi. Kioo kile kilidai siku nzima ya mtazamaji. Ili aone siku zilizopita alilipa kwa siku zilizopo. Alihifadhi wakati wa wafu, akaupoteza wake. Tena aliwaona wapenzi wake asiweze kuwaambia neno. Wageni wale, pamoja na ugomvi wao, walikuwa na jambo ambalo yeye angelinunua kwa vioo vyake vyote: kila mmoja aliweza kumwambia mwenzake, "Nisamehe," akajibiwa.

Hapo ndipo ilipo tofauti ya wakati na sura ya wakati. Sura yaweza kuwekwa katika kioo. Wakati wenyewe ni nafasi ya kutenda, na nafasi haihifadhiki.

Hata hivyo, iko akiba moja tuijuayo. Mnazi mrefu wa pwani huchukua miaka sita au zaidi kabla ya kuzaa. Mzee aupandaye hutia asubuhi yake moja ardhini, na wajukuu wakanywa madafu yeye asipokuwapo. Akiba hii haimrudishii siku zake. Huwapa wengine, nayo haimfungi mtu dirishani.

Kijana asomaye maneno haya ana wazazi, ndugu na walimu ambao bado hujibu wasemeshwapo. Neno jema alilokusudia kumwambia mmoja wao, na alitamke leo.