Bibi Aliyeponywa na Mhariri

Miaka kadhaa iliyopita nilimponya mgonjwa kwa kalamu nyekundu. Mwalimu mmoja wa shule ya msingi aliniletea mswada wa hadithi ya watoto. Mvulana anaishi na bibi yake, bibi anaugua, anafariki, mvulana anabaki na kuku wake watatu. Niliusoma usiku mmoja, asubuhi nikampigia simu: "Mwalimu, hadithi ni nzuri, ila bibi asife. Watoto watalia." Akanyamaza kidogo, kisha akasema, "Haya, mhariri ni wewe." Basi bibi akapona, kitabu kikatoka.

Baadaye kitabu kile kilimfikia mpwa wangu, wakati huo akiwa na miaka 8. Mama yangu, yaani bibi yake, tulikuwa tumemzika mwaka uliotangulia. Alikisoma mpaka mwisho, akakifunga, akaniuliza, "Mjomba, huyu bibi alipewa dawa gani?"

Sikuwa na jibu. Na tangu siku hiyo swali moja halijaniacha: tunaposema tunamlinda mtoto, tunamlinda yeye kweli, au tunajilinda sisi na maswali yake?

Mtu aliyenisaidia kulitafakari ni mhariri Mmarekani, Ursula Nordstrom. Alizaliwa New York mwaka 1910, akaajiriwa na kampuni ya Harper mwaka 1931 kama karani wa kawaida, na kuanzia 1940 hadi 1973 akaongoza idara yake ya vitabu vya watoto. Hakuwa na shahada. Inasimuliwa kwamba mkutubi mmoja mashuhuri alimuuliza ana sifa gani za kufanya kazi ile, naye akamjibu kwamba aliwahi kuwa mtoto na hajasahau kitu.

Jibu hilo linachekesha, lakini lina uzito. Wazazi wake walikuwa waigizaji. Walipoachana, yeye alipelekwa shule ya bweni angali mdogo. Aliyelala bweni utotoni anajua usiku wa kwanza ulivyo: taa zikizimwa, kila mmoja analia chini ya shuka akidhani analia peke yake. Mwaka 1960 Nordstrom alitoa riwaya yake pekee kwa watoto, The Secret Language, kuhusu msichana mgeni bwenini anayewakumbuka nyumbani mpaka anaumwa, na rafiki anayemsaidia kuvumilia. Hakuwaambia wasomaji wake kwamba bweni ni raha tupu. Aliwaambia kwamba upweke upo, na kwamba rafiki naye anaweza kupatikana.

Vitabu alivyovisimamia vina tabia hiyohiyo. Katika Charlotte's Web cha E. B. White, kilichotoka 1952, buibui tuliyempenda kwa kurasa nyingi anakufa, tena peke yake. Angeweza kuponywa. Hata mimi ningemponya! Katika Where the Wild Things Are cha Maurice Sendak, 1963, mtoto anamkasirikia mama yake, anapelekwa chumbani bila chakula, anasafiri hadi kwa mazimwi na kuwa mfalme wao. Wapo watu wazima walioogopa kitabu hicho kingewatisha watoto. Mwaka 1970 Sendak alipochora mtoto aliye uchi katika In the Night Kitchen, baadhi ya wakutubi walichukua rangi wakamchorea nepi. Nordstrom alilipinga jambo hilo waziwazi.

Tazama nani aliogopa. Shida ya vitabu vya watoto ni kwamba anayenunua siye anayesoma. Mzazi, mwalimu na mkutubi ndio wenye pesa, na mhariri huishia kuwahariria wao. Mimi nilipomwambia mwalimu yule kwamba watoto watalia, sikuwa nimemuuliza mtoto hata mmoja.

Najua hoja ya upande wa pili, na si hoja ya kijinga. Si kila ukweli ni wa kila umri, na utoto ni mfupi, kwa nini tuufupishe? Nakubali. Lakini hebu tukumbuke bibi zetu. Baada ya paukwa, pakawa, walitumwagia mazimwi yanayomeza watu na mama wa kambo wasio na huruma, nasi tukalala. Tulilala kwa sababu aliyesimulia alikuwa ameketi hapo hapo. Max naye, akirudi kutoka kwa mazimwi, anakuta chakula chake cha jioni kinamngoja, na bado kina moto. Nadhani kipimo ni hicho. Mtoto anaweza kuambiwa jambo zito, mradi anayemwambia asimwache peke yake nalo.

Hata Nordstrom hakukitumia kipimo hicho kila mahali. Aliandika mwendelezo wa riwaya yake, hakuridhika nao, akauchoma moto. Waandishi wake aliwabembeleza miaka na miaka kwa barua za kuwatia moyo. Yeye mwenyewe alijipa ukweli bila chakula cha jioni. Mganga hajigangi. Alifariki mwaka 1988, na riwaya ikabaki ile moja.

Nami sikutaka kosa langu liishie kwenye majuto. Mwezi uliopita nilimpigia mwalimu yule kumwomba radhi. Alicheka, akasema mswada wa kwanza anao bado, kwenye bahasha ileile. Nikamwomba aulete kama ulivyokuwa. Nikamuuliza pia jambo ambalo mhariri mzuri angeuliza tangu mwanzo: wale kuku watatu, baada ya mazishi, nani aliwafungulia asubuhi?

"Mtoto mwenyewe," akasema. "Nilikuwa nimeandika hivyo. Wewe ndiye uliyekata."