Aliyekuwa Akitoa Amekufa

Ibn Battuta alipofika Kilwa mwaka 1331 alimkuta Sultani al-Hasan bin Sulaiman, ambaye watu walimwita Abu al-Mawahib, baba wa zawadi, kwa jinsi mkono wake ulivyokuwa mwepesi. Anasimulia kwamba Ijumaa moja, sultani akitoka kuswali, fukara kutoka Yemen alimsimamisha njiani akamwomba nguo alizovaa. Sultani akaingia ndani, akazivua, akampa. Mtoto wa sultani akazikomboa zile nguo kwa watumwa kumi, na baba mtu aliposikia watu wanavyomsifu akaongeza kumi wengine pamoja na mizigo miwili ya pembe za ndovu. Tusisome kisa hiki tukasahau kwamba ukarimu ule ulilipwa kwa shingo za watu waliotekwa bara.

Kisha al-Hasan akafa. Nduguye Daudi akashika kiti, na mwombaji aliyekuja kwake alijibiwa kwamba aliyekuwa akitoa amekufa, wala hakuacha kitu cha kutolewa. Wageni walikaa miezi wakingoja, wakaambulia kidogo, mwishowe wakaacha kuja.

Kwa anayevuka kwa mashua kutoka Kilwa Masoko, magofu ya Husuni Kubwa, jumba la al-Hasan, yako juu ya ngema upande wa kaskazini wa kisiwa. Bwawa lake la pembe nane bado lipo. Wachimbuaji waliolichunguza wanasema jumba halikumalizika kujengwa, na kwamba watu hawakulikaa muda mrefu. Msafiri wetu hakutaja majina ya wale waliongoja mlangoni kwa Daudi. Lakini yuko mngojaji mmoja, wa miaka mia nne kabla yao, ambaye maisha yake tunayajua kwa urefu, maana sehemu kubwa aliiandika kwa mkono wake. Huyo ni Abu Bakr Muhammad bin Yahya as-Suli wa Baghdad, bingwa wa sataranji.

Hayuko mbali nasi kama anavyodhaniwa. Miongoni mwa walioandika habari zake ni al-Masudi, ambaye mwaka 916 alisafiri kwa jahazi kutoka Qanbalu, kisiwa ambacho wataalamu wengi wanasema ni Pemba, kwenda Oman. Wakati huo Kilwa Kisiwani palikuwa na kijiji tayari, na vyombo vya udongo kutoka Ghuba ya Uajemi vilikuwa vikishushwa kwenye pwani hii. Bahari moja ilileta vyombo na ilileta habari.

As-Suli aliingia katika jumba la khalifa kwa mlango wa mchezo. Al-Muktafi, aliyetawala kuanzia 902 hadi 908, alikuwa na bingwa wake, al-Mawardi, aliyempenda waziwazi. Walipokutanishwa mbele yake, khalifa alimshangilia mtu wake bila kujificha, hata as-Suli akababaika mwanzoni. Kisha akatulia, akacheza, akamshinda vibaya mno. Papo hapo al-Muktafi akamgeuka al-Mawardi, akamkejeli mbele ya wote kwa kulichezea jina lake. Ninaamini siku ile as-Suli alipata onyo kubwa kuliko yote ya maisha yake, nalo likampita kwa sababu alikuwa upande wa furaha. Aliona kwa macho yake jinsi kipenzi cha miaka kinavyotupwa katika kikao kimoja, na kiti kilichoachwa wazi akakikalia yeye.

Wala hakuwa mtu wa ubao tu. Alitunga mashairi, alikusanya diwani za washairi wakubwa kama Abu Nuwas na kuzipanga kwa herufi ili msomaji apate anachotafuta, aliandika kitabu cha adabu za makatibu, na katika Kitab al-Awraq aliandika historia ya makhalifa aliowaona kwa macho. Maktaba yake ilisifika kwa vitabu vilivyojalidiwa kwa rangi mbalimbali. Wapo waliomtania kwamba elimu yake iko rafuni, kwa kuwa akiulizwa jambo humwita kijana amletee kitabu. Lipo na doa zito zaidi: Ibn an-Nadim, mwandishi wa al-Fihrist, anamshutumu kwamba sehemu ya kazi yake aliinakili kutoka kwa mtu mwingine. Mwenye vipaji vingi anayehimizwa kila siku alete kipya mbele ya mkubwa hushawishika kuchukua cha mwenzake, na nalitaja hili kwa sababu naliona hata leo kwa wasanii wetu wanaoharakishwa.

Kazi yake nyingine ilikuwa kumfundisha mwana wa khalifa aliyemfuata al-Muktafi, yule ambaye baadaye alikuwa khalifa ar-Radi. Anasimulia mwenyewe kwamba siku moja, mwanafunzi akiwa anasoma, watumishi walitumwa kutoka kwa bibi yake wakavibeba vitabu vyote vilivyokuwapo, wasiseme neno. Baada ya saa kadhaa wakavirudisha. Kijana alikasirika, akawaambia wampelekee aliyewatuma habari kwamba hivi ni vitabu vya hadithi za Mtume, fiqhi, lugha na mashairi, si ngano za maajabu ya bahari wanazosoma wao. Mwalimu alikuwapo. Mtu huyu aliyeshinda mabingwa na kuandika vitabu alikaa akingoja kama kazi yake ingerudishwa au la, kwa uamuzi wa mtu asiyeonekana nyuma ya pazia.

Ar-Radi aliposhika ukhalifa mwaka 934, neema ilifurika. Al-Masudi anasimulia kwamba khalifa alikuwa katika bustani nzuri, wenzake wakawa wanayasifia maua yake, naye akasema uchezaji wa as-Suli unapendeza kuliko bustani ile na kuliko chochote walichoweza kukitaja. Ni sifa gani ya mchezaji inayoweza kuipita hiyo?

Ilidumu miaka sita. Ar-Radi alifariki mwaka 940, na al-Muttaqi aliyemfuata akatangaza kwamba hahitaji watu wa kumliwaza, Qurani inamtosha. Kwa khalifa lilikuwa neno la uchamungu. Kwa as-Suli lilikuwa jibu la Daudi. Akaondoka kwenda Wasit kutafuta hifadhi kwa Bajkam, amiri wa Kituruki aliyekuwa na nguvu wakati ule, lakini mwaka 941 Bajkam akauawa. Mlango wa pili ukafungwa kama wa kwanza. Baadaye, kwa dhiki na kwa sababu ya riwaya aliyoisimulia kuhusu Imam Ali iliyowakasirisha watu hata wakataka kumuua, alikimbilia Basra. Huko akafa, mwaka 946 au 947, akiwa amejificha.

Wahenga walisema mtegemea cha nduguye hufa maskini, na ni rahisi kuishia hapo. Mimi siridhiki. As-Suli hakukosea kupokea mshahara wa khalifa. Zama zile mshairi na mwanachuoni hakuwa na soko jingine kubwa. Kosa lake, kwa maoni yangu, lilikuwa kuuhesabu upendo wa mtu mmoja kuwa mali yake. Aliona al-Mawardi akianguka, aliona vitabu vikibebwa, na bado ar-Radi alipokufa hakuwa na pa kwenda isipokuwa kwa mkubwa mwingine.

Kilichobaki ni vile ambavyo havikumhitaji khalifa. Katika kitabu chake cha sataranji aliacha fumbo moja. Ubaoni mna kete nne tu, mfalme na waziri kila upande. Waziri wa zama zile hakuwa malkia wa leo mwenye kufagia ubao. Alikwenda hatua moja ya mshazari, basi. Anayeanza anatakiwa ashinde kwa kumla waziri wa mwenzake, kwani mfalme aliyebaki peke yake alihesabiwa kuwa ameshindwa. As-Suli alisema hakuna aliyelifumbua isipokuwa aliyefundishwa na yeye. Nyumba 64, kete nne, na jibu lilikuja kutolewa hadharani miaka ya 1980 na Yuri Averbakh, bingwa wa Urusi, baada ya takriban miaka elfu moja. Alimwacha pia mwanafunzi, al-Lajlaj, aliyekwenda na elimu ile Shiraz, mji ambao wazee wa Kilwa wanasema ndiko walikotoka masultani wao wa mwanzo.

Pwani ya Lindi, iliko Kilwa, haijapungukiwa na vipaji kama vya as-Suli. Yupo kijana anayetunga shairi la harusi asubuhi na jioni akakushinda bao, ana sauti ya kaswida, na anaweza kuandika habari ikasomeka. Msimu wa uchaguzi unapofika anapandishwa kwenye gari la matangazo, anatungiwa jina la sifa, anapewa fulana na posho, na kuahidiwa kazi. Mgombea akishindwa, au akishinda akahamia mjini, kijana anapiga simu isiyopokewa. Nyimbo zake hazikurekodiwa kwa jina lake. Mashairi yake yalibaki kwenye simu iliyoharibika. Hakuna mtoto aliyefundishwa hata ubeti mmoja.

Ndugu yangu wa Kilwa, posho ipokee ikiwa ni halali. Lakini nunua daftari, andika tungo zako na jina lako na tarehe, na nakala moja impe mtu unayemwamini. Kisha mtafute mtoto mmoja wa mtaani kwako, umfundishe unachokiweza, na uanze wiki hii, mkubwa wako akiwa bado anapokea simu zako.