Jina ni la Nani?

Katika daftari la mahudhurio la darasa lolote hapa Gitega, karibu kila mstari una majina mawili yaliyokaa bega kwa bega: moja limetoka ng'ambo, la pili limetoka kwa wazazi. Tunaita Évariste, tunaita Espérance, tunaita Dieudonné. Kisha tunaita Nduwimana, Hakizimana, Minani. Tunayaita kila asubuhi, nayo yamezoeleka vinywani mwetu hata masikio hayayasikii tena. Basi tumeona yafaa, sisi tunaofundisha lugha, tutue kidogo na kuuliza: jina la mtu ni la nani hasa? Ni la mzazi aliyelitoa, au la dini iliyolibariki, au la serikali iliyoliandika, ama ni la yule anayelichukua mpaka kaburini?

Tuanze na majina ya Kifaransa, kwa kuwa wengi wetu huyadhania kuwa sauti tupu za kizungu. Sivyo. Pierre ni jiwe, ni mwamba. Ndilo Petro la Kiswahili. Jean asili yake ni Kiebrania, na maana yake ni kwamba Mungu ni mwenye neema. Ndilo Yohana, na nabii huyo huyo Waislamu wa Muyinga humwita Yahya. Louis limetoka katika lugha ya kale ya Wafaranki, nalo limeungwa kwa maneno mawili, sifa na vita. Évariste limetoka kwa Wagiriki, na maana yake ni mwenye kupendeza. Espérance ni tumaini, na Dieudonné ni aliyetolewa na Mungu. Kila moja kati ya hayo lilikuwa neno lenye kusema jambo, hapo zamani, kabla halijawa jina.

Hali ni hiyo hiyo kwa majina ya ukoo ya Wafaransa. Mengine yalikuwa majina ya baba, kama Martin na Bernard. Mengine yalitaja mahali: Dupont ni mtu wa darajani, Dubois ni wa msituni, Dumont ni wa mlimani. Mengine yalitaja umbo: Petit ni mdogo, Leroux ni mwenye nywele nyekundu. Mengine yalitaja kazi: Boulanger ni mwoka mikate, Meunier ni msaga nafaka, na Lefebvre ni mhunzi. Jina hili la mwisho lina funzo kwa sisi waalimu wa lugha. Herufi b iliyomo ndani yake haitamkwi. Iliwekwa na waandishi wa zamani ili kukumbusha neno la Kilatini, faber, yaani fundi. Leo Lefebvre anaweza kuwa daktari au dereva, asijue hata kushika nyundo. Neno limenyamaza, limebaki jina tu.

Lilinyamazaje? Sababu mojawapo kubwa ni kalamu ya serikali. Mwaka 1539 mfalme François wa Kwanza aliamuru mapadri waandike ubatizo katika madaftari. Mwaka 1794, wakati wa Mapinduzi, sheria ilikataza raia kutumia jina lolote isipokuwa lile lililoandikwa katika cheti chake cha kuzaliwa. Mwaka 1803 sheria nyingine ikaamuru kwamba jina la kwanza la mtoto litolewe katika kalenda au miongoni mwa watu mashuhuri wa historia ya kale. Wafaransa hawakupata uhuru kamili wa kuwachagulia watoto wao majina hadi mwaka 1993. Kwa hiyo, yule tunayemdhania kuwa alituletea majina yake kwa hiari, naye pia alikuwa amepangiwa.

Kwetu majina hayo yalikuja na ubatizo. Mapadri Weupe walifungua misheni ya Mugera, si mbali na hapa, mwaka 1899. Na kila aliyebatizwa alipewa jina la mtakatifu. Warundi hawakuyapokea kama mawe yasiyochongeka. Waliyalainisha kwa ulimi wao: Pierre akawa Petero, Marie akawa Mariya. Hata Mwana wa Mfalme Louis Rwagasore, aliyezaliwa hapa Gitega mwaka 1932 na kuuawa mwaka 1961, wengi humwita Ludoviko hadi leo. Baadaye ikaja ofisi ya utawala wa Kibelgiji na karatasi zake zenye nafasi mbili, moja ya jina la kwanza na moja ya jina la ukoo. Mrundi akaandika jina lake la Kirundi katika nafasi ya ukoo. Hapo ndipo palipozaliwa kutoelewana, kwa kuwa jina la Kirundi kwa desturi si la ukoo. Baba ana lake, na kila mtoto ana lake. Mrundi afikapo Ulaya na wanawe, karani humtazama kwa mashaka: ikiwa hawa ni wako, mbona hamwitwi jina moja?

Jina la Kirundi ni nini, basi? Ni sentensi. Tulichambue moja kama tufanyavyo ubaoni: Ndayishimiye. Mwanzoni yupo mimi. Mwishoni yapo maneno ya kushukuru. Katikati mna kiambishi kidogo -yi-, ambacho ni cha mtendwa. Huyo mtendwa ni nani? Ni Imana, Mungu, kwa maana neno hilo katika Kirundi limo katika ngeli inayolingana na I-ZI yetu. Maana yake: namshukuru Yeye. Ndayizeye nalo limejengwa vivyo hivyo: namtumaini Yeye. Mungu hakutajwa, amefichwa ndani ya silabi moja. Habonimana husema kuwa Mungu ndiye aonaye. Hakizimana, kuwa Mungu ndiye aponyaye. Harerimana, kuwa Mungu ndiye aleaye. Mengine hutaja nafasi ya mtoto katika uzao: Nyandwi ni wa saba, Minani ni wa nane, na pacha huitwa Bukuru na Butoyi, kama Wasukuma wawaitavyo Kulwa na Doto.

Yapo na majina ya uchungu. Baranyanka ni "wananichukia". Anayesema hapo si mtoto, ambaye hajachukiwa na mtu. Ni mzazi anayewajibu majirani. Waswahili wa pwani nao wana Siwatu, wana Mashaka, wana Shida. Mtaalamu wetu Philippe Ntahombaye alitoa kitabu kizima mwaka 1983 juu ya majina na watu katika Burundi, na somo hilo halijaisha kuchimbwa.

Hapa ndipo swali letu linapokuwa zito. Je, mzazi ana haki ya kuweka ugomvi wake juu ya mabega ya mtoto mchanga? Mtu atasema: anayo, kwa sababu yeye ndiye aliyezaa, na maneno aliyonyimwa nafasi barazani ayasemee wapi kama si katika jina? Hoja hii ina nguvu. Jina lilikuwa kinywa cha mnyonge. Lakini mtoto naye atakua, ataitwa darasani, ataitwa sokoni, na kila aitwapo atatangaza uadui ambao hakuuanza, na pengine dhidi ya watu ambao wajukuu wao ni rafiki zake.

Je, tumkabidhi nani basi haki hiyo? Serikali? Ng'ambo ya Mto Ruzizi, mwaka 1972, Joseph-Désiré Mobutu alipiga marufuku majina ya Kikristo, na mwenyewe akajiita Mobutu Sese Seko. Yalisemwa kuwa ni kurudia asili. Lakini mama aliyemwita mwanawe kwa jina la mtakatifu aliyemwomba katika utasa wake alinyang'anywa neno lake, sawasawa na vile babu yake alivyoweza kunyang'anywa lake mbele ya kisima cha ubatizo. Anayelazimisha jina la kigeni na anayelazimisha jina la asili wote wawili wameingia nyumba moja bila hodi.

Na katika nchi yetu tunajua jambo lililo zito zaidi. Mwaka huo huo wa 1972, watu waliitwa kwa majina kutoka katika orodha, mashuleni na maofisini, wakatoka, wasirudi. Mapema mwaka 2020, kando ya Mto Ruvubu huko Karuzi, Tume ya Ukweli na Maridhiano ilifukua mabaki ya watu zaidi ya 6,000. Mifupa haina jina. Nguo na rozari ziliwasaidia jamaa kuwatambua baadhi yao. Anayejua habari hizo hawezi tena kuliona jina kuwa ni alama ya daftari tu. Limetumika kuwaitia watu kifo. Na lilipokosekana, waliobaki wamekosa hata wa kumlilia.

Rai yetu ni hii: jina ni amana. Mzazi hulitoa kama neno, na neno likishatoka si lake tena peke yake. Dini yaweza kulibariki, serikali yaweza kuliandika, lakini hakuna mwenye haki ya kulipokonya. Mwenye jina naye amekabidhiwa kulijaza kwa matendo yake. Aliyeitwa Baranyanka aweza kuishi akipendwa hata jina likageuka kuwa kicheko cha heri. Na aliyeitwa Nkurunziza, habari njema, hana budi kuipeleka habari hiyo kwa mikono yake. Ndiyo maana wahenga walinena kuwa jina jema hung'ara gizani: mng'ao hautoki katika herufi.

Wala ugeni si kasoro ya jina. Dieudonné na Nduwimana ni ndugu: mmoja asema nimetolewa na Mungu, mwingine asema mimi ni wa Mungu. Kasoro ni ukimya, pale neno linaposahauliwa maana yake, likabaki kama ile b ya Lefebvre, yaandikwa na haisemi. Na wetu sisi wanaelekea huko, maana wapo wanafunzi wa mjini wasioweza kueleza majina yao wenyewe, la Kifaransa wala la Kirundi.

Kwa hiyo, waalimu wenzetu, kazi hii ni yetu. Tumwite mwanafunzi kwa majina yake yote mawili, na tuyatamke sawasawa. Tusimcheke aliyepewa jina la huzuni, wala tusiruhusu acheke mwingine. Tumpe kila mmoja zoezi la kwenda nyumbani kuuliza: niliitwa hivi kwa nini, na siku niliyozaliwa kulikuwa na nini? Atakachorudi nacho kitakuwa insha iliyo bora kuliko nyingi tunazowaandikisha. Na akirudi na jibu chungu, tumsikilize mpaka mwisho, kisha tumwambie kwamba wazazi walisema la kwao, na yeye sasa ana zamu ya kusema la kwake.